Mama Hakosi Kipindi cha Jumapili

Mdogo wangu,

Huku tuko salama. Goti la Mama limetulia, na ameisogeza TV karibu na kiti ili asikose kipindi chetu cha Jumapili. Hainuki mpaka majina ya watayarishaji yapite mwishoni, alione langu.

Wiki hii nahariri picha za mgomo wa kiwanda cha nguo. Waigizaji walikwenda kuwachezea wagomaji mchezo getini, watu wakacheka mpaka meneja akachungulia dirishani. Ndipo polisi wakashuka. Wagomaji walituomba tuwafiche wasije wakafukuzwa kazi, nami nimezifunika sura zao zote. Ninyi polisi hamkuomba. Mlikuwa na kofia zenu za vioo vyeusi.

Kuna askari anampiga mpiga ngoma aliyekwisha kuanguka. Rungu liko mkono wa kushoto. Kabla ya kupiga tena, anainua kidogo kioo cha kofia na kujifuta pua begani. Nimeirudisha picha hiyo mpaka bosi akaniuliza, "Vipi, unamfahamu?" Nikasema mashine inasumbua.

Anataka kipindi kifunguliwe na kipande hicho. Ningeweza kukikata. Sikukikata. Yule mpiga ngoma hawezi tena kukunja vidole.

Wengine hawatakujua. Lakini Mama ndiye aliyechoka kukugombeza kwa kufanya bega leso. Usinipigie simu. Njoo Jumapili mapema, umwambie mwenyewe. Usipokuja, atatuona wote wawili kwenye TV: wewe mwanzoni, mimi mwishoni.

Ni mimi,
Dada yako