Miaka Kumi Niliyokataa Kuitia Saini

Nyumba ya Geti la Bluu,
Nyuma ya Kituo cha Mafuta.
Jumapili asubuhi, mwezi wa tatu.

Mpendwa mke wangu, Mama Chiriku,

Salamu nyingi zikufikie huko kwenye baridi. U hali gani? Na mgongo je? Mara ya mwisho ulisema unakuuma ukiwageuza wale wazee kitandani, halafu ukabadilisha mazungumzo haraka haraka, nami nikajua unauma kuliko ulivyosema. Tafadhali usimnyanyue mtu peke yako. Hata mimi sinyanyui kabati peke yangu, na kabati halipigi mateke.

Sisi huku ni wazima. Mama yangu miguu inamvimba kidogo ikifika jioni, lakini mdomo wake ni mzima kabisa, na anakusalimu. Chiriku ameng'oka jino la mbele na maneno hayajapungua hata moja. Gauni ulilomtumia ni zuri, ila limembana kwapani. Ulimkadiria kwa picha, na picha ilikuwa ya mwaka jana. Mama ameliachia mshono.

Mimi pia ni mzima, ila nimekukumbuka. Nalisema hapa mwanzoni, kabla habari hazijaanza, kwa sababu kwenye simu huwa halipati nafasi. Unapiga umetoka zamu, umechoka, na siku tunayoongea kwa kirefu ni ile ya marejesho ya benki: umetuma, nimepokea, wamekata, zimebaki ngapi. Siku hizi tarehe ya marejesho ndiyo siku yetu ya mapenzi. Ndiyo maana safari hii nimeandika. Barua haikatiki mtandao, na wewe huwezi kuniambia tutaongea kesho, Fundi. Atakuletea mwenzako wa kazini anayemaliza likizo wiki hii.

Karakana inakwenda. Nimepata kazi ya madawati ya shule, wanalipa polepole lakini wanalipa. Msumeno wa umeme uliharibika nikautengeneza mwenyewe, na vidole vyangu vyote bado vipo, usiulize.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe, maana najua umeshaanza kuruka mistari kulitafuta.

Ile karatasi ya benki uliyonitumia, ya kuongeza miaka kumi kwenye mkopo wa nyumba, nilikwenda nayo Jumanne. Najua ilivyokufurahisha. Uliniambia marejesho yatapungua karibu theluthi, utaacha zamu za Jumapili, ada ya Chiriku italipwa kwa wakati, nawe utapumua. Sauti yako siku ile ilikuwa ya yule msichana niliyemwoa. Wewe umeshatia saini. Ilibaki yangu tu, ya mume kuridhia, kwa kuwa nyumba tumeiweka rehani na kwa maandishi sisi sote wawili tunaishi humu. Sikutia.

Usinikasirikie kabla hujafika mwisho. Vua viatu, kaa chini, endelea kusoma.

Yule afisa wa mikopo ni binti mdogo, mpole, ananiita baba. Alikuwa ameshaniwekea kalamu mbele. Nikamwomba kabla sijaishika aniambie kitu kimoja, deni hili likiongezwa litaisha lini. Akataja mwaka. Nikamwomba arudie, nikidhani masikio yangu yamejaa vumbi la mbao. Akarudia mwaka ule ule. Nikahesabu kwa vidole chini ya meza. Chiriku atakuwa na watoto wake. Mama, tusidanganyane, hatakuwepo. Wewe utakuwa umepita umri wa kustaafu, unakaribia hao unaowageuza kitandani.

Nikamwuliza na haya tuliyolipa miaka saba yamekwenda wapi. Hakunificha. Akanigeuzia kompyuta, akanionyesha safu moja baada ya nyingine. Kumbe kila tunachotuma kinagawanywa. Riba inakula kwanza mpaka ishibe, bima ya mkopo inaramba sahani, na kinachobaki ndicho kinachopunguza deni lenyewe. Miaka ya mwanzo riba hula karibu chote. Na mkataba unasema riba yetu ni ya kupanda na kushuka. Kupanda tumekuona, kushuka hatujawahi kupata bahati hiyo. Mimi nilikuwa najisifu kwa watu kwamba tumeshalipa theluthi ya nyumba. Tumelipa jiko na choo, Mama Chiriku, labda na kipande cha korido. Nimepiga randa maisha yangu yote, sijaona ubao unaopigwa randa miaka saba usipungue.

Na ule unafuu si unafuu. Deni ni lile lile, limetandazwa kwenye miaka mingi zaidi, na kila mwezi ulioongezwa unakuja na riba yake. Gharama za mkataba mpya nazo zinapandishwa juu ya deni, zizae pamoja. Nikamwomba yule binti anitajie jumla, siyo ya mwezi, jumla mpaka siku ya mwisho. Alisita, akapiga hesabu. Tukifuata karatasi hii tutakuwa tumeilipia nyumba mara mbili na nusu. Moja yetu, moja na nusu ya benki, na hizo zao hata hawakunipa tenda ya milango.

Alisema watu wengi hutazama marejesho ya mwezi tu. Hata sisi siku ile ya kwanza, unakumbuka tulivyokaa pale tumeshikana mikono kama wachumba, tuliuliza kwa mwezi ni ngapi, tukatazamana, tukasema tutaweza. Na kweli umeweza. Hakuna mwezi hata mmoja uliochelewa. Nilipoziona zile safu zote zimenyooka, nilijua kila mstari pale ni mgongo wako, na nilikuonea fahari mpaka machozi yakanitoka mbele ya mtoto wa watu.

Nikamwuliza, "Na miaka ya mke wangu imeandikwa safu gani?"

Akainama. "Hiyo kwenye mfumo haimo, baba."

Nikakunja karatasi nikarudi nayo. Sasa iko juu ya kabati, nimeibana na kopo la gundi.

Makubaliano yetu yalikuwa uende miaka miwili. Tulisema miwili, tukae sawa, urudi. Mkataba wako wa kazi ukaisha, ukaongeza, ukaisha tena, ukaongeza, na kila mara sababu ilikuwa ni hiyo hiyo nyumba. Karakana yangu inatulisha na kumsomesha mtoto kwa kubanana, lakini marejesho yale haiyawezi. Kwa hiyo deni likiwepo, wewe hupo. Kila mwaka tunaouongeza kwenye deni tunauongeza kwenye kutokuwepo kwako, na mimi ndiye niliyepewa kalamu ya kuridhia. Mkono haukwenda.

Nikueleze nyumba yako ilivyo, maana umelala humu likizo mbili tu. Makabati ya jikoni niliyapima kwa urefu wa mkono wako. Mama ni mfupi, kila akitaka sukari anapanda kigoda, ananilaani, na mimi nimekataa kuyashusha. Kitanda nilikitengeneza kipana cha watu wawili wenye kugeukageuka. Bado nalala ukingoni, upande wangu, na asubuhi upande wako umetandikwa vilevile. Mama anasema napunguza kazi ya kufua. Yeye akisema hivyo mimi nacheka, kisha nakwenda karakana mapema kuliko kawaida.

Wiki iliyopita mwalimu aliwauliza watoto darasani kazi za wazazi wao. Wengine wakasema dereva, wengine mkulima. Chiriku wetu akasimama akasema, "Baba ni fundi wa milango, mama kazi yake ni kulipa nyumba." Mwalimu alinisimulia akicheka, nami nikacheka naye kwa heshima. Njiani sikucheka.

Kuna jambo jingine sikukwambia. Likizo ile ya mwisho, siku ya tatu, ulitoka dukani ukaja mlango wa jikoni, ukasimama nje na mfuko wa vitunguu mkononi, ukapiga hodi. Chiriku akajibu, karibu mgeni. Tukacheka wote, na wewe ukacheka kuliko sote. Usiku huo huo ukaniuliza swichi ya taa ya korido iko upande gani. Nikakuonyesha. Niliumia sana, mke wangu. Nilimwona mwenye nyumba anapapasa ukuta wa nyumba yake.

Basi hili ndilo ombi langu. Kuna mwalimu mstaafu na mkewe wameipenda nyumba. Wamepata kiinua mgongo chao, wanalipa taslimu, hawakopi popote. Walipita barabarani wakaona milango, wakauliza fundi ni nani, mazungumzo yakaanzia hapo. Bei wanayotoa inamaliza deni lote la benki. Kitakachobaki si kikubwa, sikufichi, ni cha kuongeza chumba kwenye vile viwili vya nyuma ya karakana, kupiga sakafu na kubadilisha bati. Kiwanja kile aliniachia baba, hakidaiwi na mtu. Kutakuwa kudogo. Mtasikia msumeno kutwa, na vumbi la mbao litaingia mpaka kwenye chai. Lakini hapatakuwa na marejesho, na kipato cha karakana kitatosha watu wanne.

Nilimwambia Mama nikiogopa, kwa kuwa ameshazoea kibaraza na maua yake. Alimaliza kuliachia gauni mshono, akakata uzi kwa meno. Ndipo akasema, "Mimi nilimwozesha mwanangu mke, sikumwozesha nyumba." Kisha akataka kujua kama huko nyuma ya karakana kutakuwa na makabati marefu.

Sijasahau ulikotoka. Ulinisimulia mara moja tu, jinsi mwenye nyumba alivyowatolea vyombo nje mvua ikinyesha, mama yako akavifunga kwenye shuka, na wewe ukabeba sufuria kichwani ukipita mbele ya wenzako wa shule. Ukaapa mtoto wako hatafungasha kwa amri ya mtu. Ndiyo maana ulishika ufunguo wa nyumba hii kwa mikono miwili. Najua ninachokuomba ukiachie. Ningekuwa na njia nyingine nisingekugusa hapo. Chiriku atafungasha, ni kweli, lakini amri itakuwa yetu wenyewe, na anakokwenda mama yake yupo.

Nyumba iko kwa jina lako, jasho ni lako, na neno la mwisho ni lako. Mwalimu na mkewe wamekubali kungoja mpaka mwisho wa mwezi, na najua mwisho wa mwezi huo huo kazini watakuletea mkataba mwingine. Ukiniambia nitie saini ya benki, nitakwenda nitie, na sitakulaumu, nitaendelea kupokea na kukata na kukuhesabia zilizobaki. Lakini usiniulize tena kama tutaweza. Kulipa tutaweza. Mimi siwezi kukaa miaka hiyo yote bila wewe. Nimelisema, na nikilisoma tena nitaona haya, kwa hiyo sitalisoma.

Mpe salamu zangu mwenzako wa chumbani, yule anayekukumbusha kula. Dada yako mkubwa alipita juzi, anakusalimu na anadai kitenge chake. Jirani yetu dereva wa lori anakusalimu. Mama anakuombea kila asubuhi kwa sauti kubwa, mtaa mzima unajua mgongo wako unauma. Chiriku alitaka kuandika mwenyewe hapa chini, nikamwambia karatasi haitamtosha. Anasema nikuambie jino amelihifadhi ndani ya kiberiti, ulione kwa macho, siyo kwa picha.

Mungu akulinde kazini na njiani, aupumzishe mgongo wako, na akupe moyo wa kuamua bila hofu.

Mlango wa chumba chetu kule nyuma ya karakana nimeshautengeneza, jambo ambalo labda nimelifanya mapema mno, lakini kila mtu hupunguza mawazo kwa namna yake. Nimeufunga bawaba, kitasa sijakiweka. Ukija, uje saa yoyote, usipige hodi. Sukuma tu.

Ni mimi mumeo, nikupendaye na kukungoja,

Fundi