Chumvi ya Mama Janvier

Jumanne, tarehe 4 Machi
Asubuhi ukungu mpaka mlangoni. Mvua nyembamba, baridi. Nimepika uji, nimefagia, nimekwenda kituo cha afya kupimisha mimba. Wiki kumi na mbili kwa hesabu yangu.
Muganga, mama mtu mzima, amenishika shingo mara mbili. Ameniambia nimeze mate. Kuna uvimbe mdogo. Mimi nilidhani nimenenepa.
Ameuliza tunakula chumvi gani. Ya pakiti, imeandikwa ina iode, yale madini ya chumvi. Ameuliza nani mwingine nyumbani ana rovu, uvimbe huu wa shingo. Nimesema mama mkwe, Mama Janvier, lake kubwa, la zamani. Kisha ameuliza kama kuna aliyezaliwa hasikii.
Yupo. Janvier mwenyewe, mwanawe wa kwanza, kaka ya mume wangu. Amepita miaka arobaini. Hasikii, hasemi.
Nilete chumvi yetu Jumatatu aipime.
Naogopa. Si kwa ajili ya shingo.

Jumatano, tarehe 5
Mvua. Nimefungua daftari langu la kemia la mwaka wa sita. Iode. Alama I, namba 53. Iligunduliwa katika majivu ya majani ya baharini, ikatoka kama moshi wa zambarau. Mwili unahitaji chembe tu kwa siku. Ikikosekana, tezi ya shingo huvimba ikiitafuta, na ubongo wa mtoto aliye tumboni haukamiliki, wala kusikia kwake.
Bahari iko mbali na Masisi. Iode ya milima hii mvua imeiosha zamani. Maharagwe na mihogo haviwezi kutupa kisichokuwa udongoni. Imebaki njia moja, chumvi. Na yetu imetiwa iode.
Basi inapotelea wapi? Nimewaza hilo siku nzima. Nimeunguza maharagwe.

Alhamisi, tarehe 6
Ukungu, kisha jua kidogo. Siku ya soko.
Nimejua.
Mama mkwe amerudi na chumvi, ya punje nene. Ameimwaga kwenye beseni, ameitia maji, ameisugua kwa mikono, amemwaga maji. Mara ya pili tena, mpaka maji yakawa meupe. Kisha ameitandaza kwenye ungo, ameuweka uchagani juu ya moto ikauke. Maji ya kwanza amewapa ng'ombe. Wanayapenda sana.
Ng'ombe wetu wanakula iode. Sisi tunakula weupe.
Miaka minne nimeolewa hapa, kila soko nimeona hayo, na nimemsifu kwa usafi. Alifundishwa na mama mkwe wake, wakati chumvi ilikuja katika magunia wazi, yenye mchanga na nzi. Leo nimetaka kumpokea beseni, amekataa. “Weye ukae. Mutoto wangu iko ndani, sitaki akule buchafu.”
Ananioshea chumvi kwa upendo. Nitamwambiaje? Hajasoma, lakini hesabu anaijua. Atahesabu kurudi nyuma hadi kwa Janvier.

Jumamosi, tarehe 8
Nimefanya ujinga. Nilificha chumvi isiyooshwa katika kichupa, nikawa najinyunyizia sahani yangu. Mama ameniona.
“Unakula kwa kujificha sawa mwizi? Chakula yangu iko mbaya?”
Nimesema hapana. Hajacheka tena jioni nzima. Nimeona haya.

Jumapili, tarehe 9
Kavu, upepo. Kanisani asubuhi. Mume wangu amepiga simu kutoka Rubaya, anakobeba magunia ya madini ya koltani. “Umwambie tu.” Rahisi kwa aliye mbali.
Janvier ameniletea maziwa, kikombe cha kwanza kama kila siku. Ameonyesha tumbo langu, kisha ameshika mikono kama anayebembeleza, akacheka. Nimeingia jikoni kulia. Mama ameuliza, nimesingizia moshi.

Jumatatu, tarehe 10
Mvua usiku kucha, njia utelezi. Kwa hiyo Mama amekataa nitoke peke yangu. Nimebeba mafundo mawili, chumvi ya pakiti na chumvi ya ungo. Sikuwa na namna ya kumzuia.
Muganga ametia tone la dawa kwenye ya pakiti. Zambarau, papo hapo. Ametia kwenye ya ungo. Tumengoja. Nyeupe.
“Yangu njo gani?” ameuliza Mama, akitazama zote mbili.
“Hii safi, Mama. Umeiosha, dawa yake ya akili ya mtoto imeenda na maji.”
Mama amecheka. “Basi ng'ombe zangu zitajua kusoma!” Muganga naye amecheka sana. Amesema tusioshe tena, tuiweke kwenye chombo chenye kifuniko, mbali na moto. Mtoto bado ana wakati. Hakuniahidi zaidi ya hapo.
Njiani Mama amesimama.
“Na Janvier?”
Ningeweza kumtuliza kwa lolote. Sikutaka kumpa nisichokijua. Nimemkalisha juu ya jiwe, nimerudi kumuuliza muganga. Amesema miaka ile chumvi ya huku haikutiwa iode kabisa. Iliyooshwa na isiyooshwa zilikuwa sawa.
Nimemwambia Mama hivyo, neno kwa neno. Amenitazama. “Unanibembeleza.”
Ameinuka, ametangulia njia mpaka nyumbani.

Jumanne, tarehe 11
Mawingu. Mama hakulala. Nilimsikia akigeuka. Hakula mchana. Ameketi karibu na Janvier akimtazama anavyochonga mpini wa jembe. Yeye ametabasamu, hajui lolote. Ninachukia daftari langu la kemia.

Jumatano, tarehe 12
Ukungu, kisha jua zuri. Mama amekesha tena.
Alfajiri amekuja kuniita chumbani. Macho mekundu, lakini sauti yake ile ya zamani.
“Mama Feza, jirani yangu wa kule juu. Unamukumbuka?”
Simkumbuki, alikufa kabla sijaja.
“Ule hakuoshaka hata sufuria, sembuse chumvi! Na binti yake hasikie, sawa tu na Janvier.” Amenishika mkono. “Basi haikukuwa mikono yangu.”
“Haikuwa, Mama.”
“Njo hivyo.”
Amelia kidogo. Nami pia. Amekunywa uji mabakuli mawili.
Mchana amefungua pakiti mpya, amemimina kwenye kopo, amefunika. Amelitazama kopo kwa kulishuku. Tumekaa jikoni kupukuchua maharagwe, akinihadithia siku Janvier alipozaliwa, mvua ya mawe, mkunga aliyechelewa. Hajawahi kunihadithia. Katikati ya maneno kichwa chake kimeanguka begani kwangu.
Sijasogea. Naandika kwa mkono mmoja, daftari gotini.
Mama amelala kwa muda wa saa moja na dakika arobaini sasa.