Kesi ya Mama Imeletwa Rumonge

Gatete, Rumonge
Tarehe 17 Novemba 2024

Mpendwa Shangazi Kezia,

Amahoro. Natumaini u mzima hapo Kasulu na goti limeacha kukusumbua. Sisi tuko salama. Mdogo wetu Ineza ameota meno mawili, na jana alitafuna daftari langu la historia.

Kabla ya kukushukuru, nina jambo ambalo sijamwambia mtu yeyote. Ule wito wa kwanza wa kumwita mama mahakamani katika mji wa Ngozi, anakoishi baba na alikofungua kesi ya talaka, haukupotea njiani. Mjumbe wa mtaa wetu, Melkiades, aliuleta nyumbani akanikabidhi mimi, kwa kuwa mama alikuwa anakamua mawese. Unajua mama alisoma huko kwenu Tanzania kwa Kiswahili. Karatasi za Kifaransa mimi ndiye ninayemsomea. Niliposoma kwamba baba anataka sisi watoto tukaishi naye, niliuficha. Niliwaza kwamba mama asipojua, hakuna kitakachotokea. Siku ya kesi ikapita.

Wito wa pili ulisema mama akikosa tena, hakimu ataamua bila yeye. Nao ulidai asafiri kwa magari matatu na kulala njiani, na Ineza mgongoni.

Ndipo ulipopiga simu. Nakumbuka ulivyomkaripia: "We Agata, unalia kama aliyefiwa! Rumonge hakuna mahakama? Omba kesi iletwe huko." Kisha ukampigia baba. Yeye mwenyewe alinisimulia kwa simu ulichomwambia: "Meshaki, mimi ndiye niliyemshika Agata mkono siku ya harusi nikamleta kwako. Ukitaka kumwacha, mwache mkiwa mmetazamana." Baba alicheka kwa aibu, akaniambia, "Dada akishasema, mimi nani?" Akaiandikia mahakama kwamba hapingi kesi kuhamishwa.

Mama alitamka ombi lake, mimi nikaliandika kwa Kifaransa. Nililinakili mara nne. Hakimu wa Ngozi alikubali.

Jumanne mama alikwenda mahakamani Rumonge kwa baiskeli ya kukodi na kurudi kabla ya chakula cha mchana. Alijieleza kwa Kirundi, baba akiwa amekaa upande wa pili. Hakimu ameagiza tubaki kwa mama mpaka hukumu, na likizo tuende kwa baba. Najua talaka itatoka. Lakini mama amesikilizwa, nami nalala usingizi.

Shangazi, wewe ni damu ya baba. Ungenyamaza, hakuna ambaye angekulaumu. Murakoze cane, asante sana. Mimi si msemaji, ndiyo maana nimeandika.

Nisalimie Mzee Silvano na binamu yangu Isaka. Mwambie kile kitabu chake nimekimaliza. Mungu akupe miguu ya kuja kutuona.

Haya ya juu niliyaandika asubuhi; sasa ni jioni, naongeza jambo la mwisho. Mama alikuwa anaamini Melkiades ndiye aliyepoteza wito, na tangu mwezi wa tano alikuwa hamjibu salamu. Leo baada ya kanisa nilimwambia ukweli. Hakunipiga. Aliniuliza niliupokea tarehe ngapi, kisha akasema, "Vaa viatu." Tulikwenda kwa Melkiades. Mama alimwomba radhi kwanza, halafu mimi nikaeleza nilichofanya, mbele ya mke wake na wanawe, na sauti yangu ilisikika mpaka mwisho.

Mimi mtoto wa ndugu yako, ninayekupenda,
Irakoze