Kanda Ilipokwisha

Mdogo wangu mpendwa,

Sisi wazima. Mama anatembea kwa fimbo na bado anagombana na redio. Tangu asubuhi nakuandikia, nikisimama kila mara kufungua dirisha, kisha kulifunga.

Jana televisheni ilirudia kile kipindi cha burudani tulimoimba sisi ndugu wanne kwa wiki sita tu. Walionyesha wiki ya mwisho. Wajukuu walicheka: "Babu, huyu dada anatafuna hewa!" Ni wewe, umefumbua mdomo na sauti haitoki.

Niliwaeleza kwamba kanda ndiyo iliyoimba, sisi tulifuatisha kwa midomo. Sikuwaeleza lililobaki. Nyumbani, kila nilipoinua kidole, tulirudia kiitikio. Siku ile makofi yalinilevya, nikasahau kanda, nikainua kidole. Wewe peke yako ulikuwa ukinitazama, ukatii. Kanda ilikuwa imekwisha, na watazamaji wote wakajua hatuimbi wenyewe.

Kipindi kilipofutwa, Mama alikwambia, "Umetuvua nguo," nawe ukafunga sanduku, ukaondoka. Mimi nilikuwa nimeketi pale pale. Nimenyamaza miaka thelathini na moja.

Jana kamera haikukionyesha kidole changu. Ilikuonyesha wewe tu. Nikaizima televisheni, nikamwambia Mama kila kitu mbele ya wajukuu. Akasema, "Mwandikie aje. Na siku hiyo wewe utoke humu ndani, nataka kumwomba radhi mwanangu bila kukuona."

Nitatoka. Wewe njoo tu.

Kaka yako mkubwa