Lamadhani wa Bugembe

Jumanne

Nimeikamata ile L! Jana programu ya kuchambua mahojiano ilinihakikishia kwamba jina la mzee Ramadhani, niliyemhoji pamoja na mkewe kule Bugembe, limebadilishwa kuwa la bandia kila mahali. Kumbe mkewe, akisimulia mumewe alivyotoroka jeshini, humwita "Lamadhani," nami niliandika vilevile alivyotamka. Kompyuta ikampita.

Leo nimeyasoma mahojiano kwa macho yangu kabla ya kumtumia mtafiti mwenzangu wa Mbale. Yumo mara tisa! Nimetafuta kwa L, nikaweka jina la bandia kila alipotokea. Nimecheka peke yangu. Faili nikaliwekea nywila, ndipo nikalituma.

Mzee aliniambia, "Jina yangu usiandike, bwana."

Niliahidi palepale, mwezi uliopita. Nimetimiza leo, saa kumi jioni.