Mkeka wa Mninga

Mama, shikamoo. Mimi mzima, ila magoti yamechubuka. Jana tulimaliza sakafu ya ukumbi wa Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya hapa Tabora. Ni vipande vya mninga na mpingo, nimevipanga kwa kufuata nakshi ya ule mkeka wako wa chumbani. Wazee wa Kanyenye walioalikwa kuja kuiona, kufika mlangoni tu, wote wakavua viatu.

“Ni mbao tu hizo, ingieni,” Bwana Shauri akawaambia.

“Mkeka haukanyagwi kwa viatu, bwana.”

Bwana Shauri akainama kufungua buti zake. Soksi moja imetoboka!

Mungu akuweke hapo Ujiji, mama. Majirani wakikuuliza mwanao anafanya kazi gani, waambie anawavua Wazungu viatu.

Mwanao, Hamisi