Torsor Kwenye Ngolo za Mama

Jumapili, 2 Machi 2025. Mbamba Bay

Barua pepe imeingia wakati natoka misa ya kwanza. Alhamisi tarehe 13, saa nne asubuhi, kwa Zoom. Mtihani wa mdomo, mara ya tatu na ya mwisho. "Ya mwisho" wameiandika kwa herufi nene, utadhani mimi sioni. Nikishindwa, miaka minne ya shahada ya uzamili imekwenda na maji.

Na swali nalijua! Profesa Jerome hafichi. Ni lile lile la Juni, lile lile la Desemba: torsor ni nini, na inatumika wapi?

Ufafanuzi naujua hata ukiniamsha usingizini. Seti isiyo tupu, na kundi linalotenda juu yake, kiasi kwamba kutoka kipengele chochote kwenda kingine chochote kuna hatua moja ya kundi, na ni hiyo moja tu. Haya. Desemba nilisema hivyo hivyo bila kukwama. Profesa akavua miwani. Akasema nimekariri vizuri, sasa nimpe mfano. Nikampa namba kamili, nikaanzia na sifuri. Akauliza nani kaniruhusu kuanzia na sifuri.

Nikanyamaza. Nilinyamaza mpaka wakadhani mtandao umekatika.

Jumatano, 5 Machi

Majivu kwenye paji, chaki kwenye sketi. Vipindi vitatu vya Form Five.

Mkuu wa shule, Mwalimu Bernadi, amenikubalia kutumia ofisi yake Alhamisi ijayo, maana ndiyo yenye mtandao wa kueleweka. Akauliza hilo dude linalonisumbua ni kitu gani. Nikamweleza robo saa nzima, na mchoro juu. Akasema pole. Pole! Kama nimefiwa.

Lakini ndipo tatizo lilipo. Mtu mwenye akili zake namweleza robo saa, anaambulia kunionea huruma. Basi hata mimi sielewi. Nimeandika hivyo na imeniuma.

Ijumaa, 7 Machi

Mama kapiga simu kutoka Mkumbi. Kaka Eusebius ameshafyeka na kulaza nyasi, kesho wanawake tunaingia na majembe. Nikamwambia Mama nina mtihani. Akasema mtihani hauliwi, maharage yanaliwa. Sina hoja. Napanda basi la alfajiri, na daftari langu kwapani.

Jumamosi, 8 Machi. Mkumbi

Sijui nianzie wapi. Mikono ina malengelenge, kalamu inateleza. Lakini nimelipata. NIMELIPATA!

Twende taratibu.

Eusebius alikuwa amelaza nyasi kwenye mteremko wote, mistari ya kukatana, viraba viraba kama nondo za dirisha. Kazi yetu ni kuchimba katikati ya kila kiraba na kufukia nyasi kwa udongo. Unabaki na shimo, na matuta manne kulizunguka. Ngolo. Nimezilima tangu nina miaka saba, nikidhani nazijua.

Saa sita jua limewaka. Wifi yangu Hildegardi, mke wa Eusebius, alikuwa ameficha dumu la togwa ndani ya shimo mojawapo, amelifunika kwa majani. Nikauliza liko wapi. Akasema mstari wa tatu, shimo la tano. Nikahesabu. Shimo tupu. Nikahesabu tena. Tupu!

Kumbe mimi nimeanzia chini, pembeni mwa njia (upande wa pili wa shamba ni kahawa), kama grafu ubaoni. Yeye kaanzia juu, alipopiga jembe la kwanza asubuhi. Nikamwambia sifuri inakuwa chini kushoto, dunia nzima inajua. Akaniuliza dunia ipi, ndugu yangu, wakati aliyeficha dumu ni yeye. Tukapayuka pale, mwalimu wa hisabati na mke wa kaka yake, kwa kiu.

Mama alikuwa ameegemea mpini wa jembe anacheka. Akasema tuache makelele. Akaninyooshea kidole: kutoka hapo uliposimama, panda mawili, kata upande wa kahawa matatu. Nikaenda. Dumu hili hapa! Halafu kwa kumkomoa tu Hildegardi, akamwambia na yeye: kutoka hapo uliposimama wewe, shuka manne, kata upande wa njia moja. Akaja. Tukakutana wawili juu ya dumu lile lile.

Nikasimama na kikombe mkononi, sinywi. Nikakokotoa kichwani. Kama ni hivyo, kutoka nilipokuwa mimi hadi alipokuwa Hildegardi ni kupanda sita, na upande wa kahawa manne. Nikageuka nikahesabu kwa macho. Sita. Manne!

Hakuna aliyetaja sifuri. Hakuna aliyeihitaji! Kutoka shimo lolote kwenda shimo lolote kuna "panda hivi, kata hivi" moja tu. Hizo panda na kata ndizo kundi: unazijumlisha, unazigeuza, na ile ya kutokwenda popote nayo imo. Lakini mashimo yenyewe si kundi. Shimo kujumlisha shimo? Hakuna kitu kama hicho. Mashimo ni torsor. Shamba zima la Mama ni torsor, na mimi nimelifukia nyasi miaka thelathini na nne!

Nikakaa chini pale pale. Mama akafoka kuwa nabomoa tuta. Nikamuuliza: Mama, shimo la kwanza hapa ni lipi? Akanitazama kama nina homa. Akasema hakuna shimo la kwanza, kuna shamba. Halafu, kila tunapolima upya mashimo yanahama, makutano ya matuta yanakuwa shimo. Sasa hilo la kwanza utalikuta wapi?

Nikambusu shavuni, na udongo wote ule. Hildegardi akasema jua limenipiga, nipewe togwa nyingine. Nimepewa mbili.

Jumapili, 9 Machi. Ndani ya basi, kushuka ziwani

Ufafanuzi ninao, mfano ninao. Matumizi je? Nimefikiri tangu Mbinga mjini.

Tarehe! Tangu jana hadi Alhamisi ni siku tano. Kutoa tarehe kwenye tarehe, unapata siku. Lakini tarehe nane kujumlisha tarehe kumi na tatu ni nini? Upuuzi. Sisi Wakristo tunahesabu miaka kuanzia kwa Bwana Yesu, Waislamu kuanzia Hijra, na bado siku kati ya harusi na ubatizo ni zile zile kwa wote. Hata wale waliobatiza mtoto miezi minne baada ya harusi hawawezi kuziongeza. (Namsema Anko Tarsisi na binti yake. Mungu anisamehe, ni Kwaresima.)

Tunaitumia kila siku, basi. Ni kila mahali ambapo umbali kati ya vitu ni wa kweli na mwanzo wake umechaguliwa na mtu.

Nimecheka peke yangu. Abiria wa pembeni amehamisha kikapu chake.

Jumanne, 11 Machi

Nimemjaribia Mwalimu Bernadi. Mashimo, dumu, tarehe. Dakika nne. Hajasema pole. Amesema, kumbe! Halafu ameniuliza kama saa nazo ni hivyo, kwa kuwa Waswahili tunasema saa nne na Mzungu anasema kumi, na bado kipindi ni dakika arobaini.

Ametoa mfano yeye mwenyewe! Nimetoka ofisini natembea kama bibi harusi.

Alhamisi, 13 Machi, saa tano na nusu. Ofisini kwa Mkuu

Wamenizimia sauti na picha. Wanajadiliana. Naandika huku nasubiri.

Profesa Jerome alianza na swali lake. Sikukariri hata neno. Nilimpandisha mlimani. Dk. Lidia, mtahini wa nje, alianza kutabasamu nilipofika kwenye togwa. Profesa hakutabasamu. Alisubiri mpaka nimalize tarehe, akavua miwani.

Akasema: hayo mashimo yanahama. Mna mashimo ya zamani na mashimo mapya, torsor mbili za kundi moja. Je, kuna namna ya kuzilinganisha, shimo kwa shimo, bila wewe kuchagua chochote?

Hilo halimo kitabuni mwangu. Nikafumba macho, nikasimama shambani. Shimo la zamani sasa ni makutano ya matuta, na limezungukwa na mashimo mapya manne. Lipi ni lake? Hakuna linalomzidi mwenzake. Nikamwambia: huwezi, Profesa. Lazima uchague. Ila ukishalichagulia shimo moja mwenzake, mengine yote yamejipanga yenyewe, huna uhuru tena.

Kimya. Safari hii ni wao walionyamaza! Mwalimu Bernadi aliyekuwa mlangoni akadhani mtandao umekatika.

Saa sita kasoro kumi. Picha ya Dk. Lidia imerudi, peke yake. Nikajiweka sawa. Akasema matokeo bado, Profesa anaandika. Ila yeye anauliza, kutoka Songea kwenda huko Mkumbi, basi linapita Kitai? Na mama angekubali mgeni? Nikamwambia linapita, dada, Mama atakupa jembe kabla hajakupa kiti. Amecheka. Anaandika jina la kijiji.

Profesa amerudi. Ana karatasi mkononi. Naandikia chini ya meza, Mungu wangu. Anasema: Mwalimu Notburga, kabla sijaisoma hii, lile la mashimo manne hebu lirudie, polepole.

Ameweka karatasi pembeni. Ameshika kalamu. Profesa Jerome ameshika kalamu kama mwanafunzi, ananisubiri mimi—